Watu Watatu Nyuma ya Orville Tansey

Hapo zamani, picha za sinema zikiwa bado hazijajifunza kusema, kulikuwa na mwigizaji huko Marekani aliyeitwa Orville Tansey. Mrefu, sauti nzito, na kichwa kisichoshika neno. Hilo nalisema mapema, maana wapo wanaomsifu kupita kiasi na mimi si mmoja wao.

Alianzia kwenye michezo ya jukwaani. Chini ya jukwaa kulikuwa na kishimo, na humo alikaa Bi Hattie Crewe ameshika kitabu cha mchezo. Kazi yake ilikuwa kumnong'onezea mwigizaji akisahau maneno, na Orville alisahau kila siku ya Mungu. Basi siku moja mjini St. Louis, Orville akiwa mfalme anayevuliwa taji, ulimi ukagoma. Bi Hattie akafunua kitabu, akakuta ukurasa umechanika, haupo. Ungekuwa wewe ungefanyaje? Bi Hattie akatunga. Akanong'ona sentensi ya kwanza iliyomjia, Orville akaingurumisha. Akanong'ona ya pili, Orville akaingurumisha, mpaka mfalme akavuliwa taji kwa maneno ambayo mwandishi hakuyaandika kabisa. Ukumbi mzima ukasimama kushangilia. Jina la Orville likavuma, na watu wa sinema wakaja kumtafuta.

Sinema ikamshinda wiki ya kwanza tu. Jamaa amezoea kupayuka ili wasikie hata wa viti vya nyuma kabisa, basi mbele ya kamera akapayuka vilevile, na picha ikaonyesha mdomo unafunguka na kufungika. Uso mkavu, hauna habari. Siku hizo studio ziliajiri wapiga muziki wa kuwatia waigizaji hisia wakati kamera inapiga picha, na pale alikuwepo mpiga fidla, Anselm Kovar. Akamwuliza Orville mama yake alikuwa akimwimbia nini utotoni. Orville akamwimbia kidogo, kwa aibu. Kamera ilipoanza kupiga, Anselm akaupiga wimbo ule polepole, na lile jitu likalia. Likalia kwelikweli. Anselm akapiga siku tisa mpaka vidole vikachubuka, na barua ya kumwita kwenye okestra kubwa ya Boston ikakaa mfukoni hadi nafasi ikapita. Nchi nzima ilimlilia Orville, wala hakuna aliyesikia fidla.

Kisha picha zikaanza kusema, zikaja nyuso mpya, Orville akasahauliwa. Miaka minne hana kazi. Redio ikamchukua kwa kumhurumia, na huko nako, msinicheke jamani, akaenda kuigiza kwa mikono, kama alivyozoea sinemani. Matangazo yako hewani, mzee katika mchezo anaambiwa mwanawe amekufa, na Orville kanyamaza, kainua mikono, kainamisha kichwa, anatembea taratibu kwenda dirishani. Vizuri sana, ila anaonwa na nani? Redio kimya. Mkubwa wa studio akanyoosha mkono akate matangazo. Lonnie Fisk, mtu wa kutengeneza milio, akaudaka ule mkono, akamsukuma bosi wake kando. Akavaa viatu mikononi, akavitembeza juu ya ubao, hatua za mtu aliyekatika maini. Akamimina mchele kwenye sinia, mvua ikanyesha. Orville akashtuka, akaunganisha maneno yake. Lonnie alifukuzwa jioni ileile. Kesho yake barua za wasikilizaji zikaja magunia kwa magunia, na Orville akatamba redioni miaka kumi na mitano.

Sasa ana miaka sabini na miwili, anaaga kazi. Alasiri ya Jumamosi, New York, ukumbi umejaa hadi kwenye ngazi. Desturi ya ukumbi ule ni kwamba mwigizaji anayeaga hutokea jukwaani mara ya mwisho akiwa amemshika mkono mtu mmoja, watu wamwone, wampigie makofi. Mmoja tu. Na usiniambie mikono ni miwili, wa kushoto una mkongojo. Orville akawaita wale watatu nyuma ya pazia. Maisha yao yote hakuna mtazamaji aliyewahi kuwaona, na kila mmoja aliutaka mkono ule kwa moyo wake wote.

Bi Hattie alisema bila yeye Orville angezomewa St. Louis, arudi kwao kufuga kuku. "Siku ile makofi yalikuwa yangu," alisema. "Niliyasikilizia shimoni."

Anselm akasema wenzake walimwokoa Orville na aibu, na hilo ni jema, lakini kumwokoa mtu na aibu si kumfanya mkuu. "Maneno aliazimwa, milio aliazimwa. Machozi yalikuwa yake, na mimi ndiye niliyeyatoa."

Lonnie hakuwa na mengi. "Ninyi mlimsaidia akiwa kijana anayetafutwa," alisema. "Mimi nilimsaidia siku ambayo hakuna aliyemtaka."

Orville akawatazama mmoja mmoja. Pazia likafunguka. Watu elfu mbili wakasimama wakiliita jina lake, wengine wamepanda juu ya viti, na furaha aliyoisikia mzee yule siwezi kuieleza. Akapiga hatua moja kwenye mwanga, akaunyoosha mkono wake nyuma, kwenye giza waliposimama wale watatu.

Mimi nina jibu langu na silitoi, maana nawajua kwa ubishi. Ukumbi unashangilia, mkono bado umenyooshwa. Haya, semeni ninyi: aushike nani?