Madaftari ya Rafu ya Chini

Jumatatu asubuhi tangazo lilibandikwa kwenye ubao wa mahakama, na kabla chai ya saa nne haijapoa kila mfanyakazi alikuwa amelisoma. Nafasi ya Karani Mkuu wa Hatimkato! Kwa miaka sita ilikuwa wazi kama pengo la jino.

Waliotajwa ni wawili tu. Wa kwanza ni mwanamke aliyepewa jina la Radi, kwa jinsi kalamu yake ilivyoyakimbiza maneno ya mashahidi na mawakili yasimponyoke. Wa pili ni Wino, mwanamume mtanashati ambaye vidole vyake tu ndivyo havikutakata kamwe. Walikaa meza jirani na kuazimana hata kifutio.

Tangazo lilitaka miaka minane ya kuandika hatimkato, ule mwandiko wa alama fupi za kunasa maneno yanaposemwa. Jumatano jina la Radi likafutwa.

"Hapa una miaka mitano," ofisa utumishi alimwambia. "Mitatu uliazimwa baraza la ardhi, na jalada lako linasema huko ulikuwa karani wa kawaida. Tena kuna pingamizi la maandishi kwamba kazi yako ilikuwa kugonga mihuri."

Radi aliitupia jicho ile barua. Mwandiko ule aliujua kama kiganja chake. Alitoka mbio hadi mezani kwa Wino.

"Kaka, mbona unanichimbia shimo? Mnafiki mkubwa wewe!"

"Dada, nimeandika ninachokijua. Sijaona hata ukurasa mmoja uliouandika kule."

"Kwani usichokiona wewe hakipo?"

Tangu hapo salamu zikakatika.

Nyumbani, mumewe, fundi cherehani, alimsikiliza huku mkasi ukiwa umesimama hewani. "Mke wangu, baraza lile si lilivunjwa? Karatasi zake zilipelekwa wapi?"

Radi aliruka kama aliyekanyaga kaa la moto. "Stoo ya mahakama!"

Alhamisi, wenzake walipokwenda kula, mzee wa masjala alimfungulia stoo. "Mwanangu, za baraza ziko rafu za chini kabisa. Huko hata panya hupotea njia."

Radi alipiga magoti, kisha akalala kifudifudi sakafuni na gauni lake la kazini, utando wa buibui ukimvika kilemba. Alivuta bunda la kwanza: risiti. La pili: ramani. Mkono ulipofika ukutani, uligusa kamba ya katani. Madaftari kumi na moja, kila moja na jina lake na tarehe! Alipiga kigelegele mpaka mzee akaangusha funguo.

Ijumaa saa tatu kamati ya uteuzi iliketi kusikiliza pingamizi lile. Mwenyekiti, hakimu mstaafu, alifungua daftari moja, akaligeuza juu chini, akavua miwani. "Bibi, mimi naona nyuzi zilizosokotana. Ukinisomea mwenyewe, nitajuaje kwamba hutungi?"

 Katika jengo zima, mtu mwingine wa kuisoma hati ile alikuwa mmoja tu, naye alikuwa ameketi kando ya ukuta, mikono kifuani.  Kumwomba yule? Alimeza fundo la kiburi, akamgeukia.

"Kaka, nilikuita mnafiki. Nisamehe. Nakuomba unisomee."

Mwenyekiti alimtoa Radi nje ili asisikie. Ukumbini alitembea huku na huko. Ndani, Wino aliukodolea macho ukurasa. Angeweza kusema haisomeki, na hakuna ambaye angembishia.  Kisha akakohoa, akaanza, ofisa utumishi akinakili kila neno:

"Shahidi anasema: Mheshimiwa, mti wa mpaka haukuhama. Aliyehama ni jirani yangu, tena na ng'ombe wake!"

Kamati iliangua kicheko. Radi aliitwa ndani, akapewa ukurasa uleule. Alisoma kwa sauti isiyoyumba, bila kusita. Ofisa alifuata kwa kidole kwenye nakala yake, mstari kwa mstari, hadi mwisho.

"Neno kwa neno," alinong'ona.

Wino alisimama. "Waheshimiwa, naliondoa pingamizi langu. Hii ni hatimkato, tena safi kuliko yangu."

Jina la Radi lilirudishwa papo hapo, na alasiri wote wawili waliingia kwenye mtihani wa kasi. Kalamu zilichakarika kama mvua juu ya bati. Matokeo yaliposomwa, Radi alikuwa amemzidi mwenzake kwa maneno saba kwa dakika. Wa kwanza kumpa mkono alikuwa Wino.

"Hongera, Karani Mkuu," alisema akicheka. "Ila kifutio changu nirudishie."

Radi aliinama stoo, kisha akainama mbele ya mshindani wake, na cheo akakipata. Hakika, mtaka cha mvunguni sharti ainame.