Sikio Lisilouma

Wapendwa, kaeni vizuri, na wale wa nyuma ziacheni kidogo hizo simu. Kulikuwa na kocha mmoja huko Marekani, zamani za vita kuu. Kocha wa mpira, lakini si mpira huu wetu. Wenzetu kule wana mpira wao wenye umbo la yai. Mtu anaukumbatia kifuani, anakimbia nao mpaka mstari wa mwisho, na wale wa upande wa pili wanamrukia ili wamwangushe. Wanavaa kofia ngumu na mabega ya kubandika. Ukiwatazama utadhani wanagombania mbuzi wa sikukuu. Basi ndio mchezo wao, na wanaupenda kufa.

Sasa kocha huyu hakuwa na timu ya mjini. Alikuwa katika shule ya jeshi, mahali pa kuwafundisha vijana kazi ya ndege za vita. Wanakuja, wanasoma miezi michache, wakimaliza wanapelekwa vitani. Na kwa kuwa kijana akikaa bure anaharibika, mkuu wa shule akaamua wawe na timu, wacheze na kambi nyingine kila Jumamosi. Kocha akapewa filimbi na kiwanja.

Mnaiona shida ya kazi hiyo? Kila Ijumaa asubuhi karatasi ilibandikwa ukutani, nje ya bwalo la chakula, yenye majina ya wanaoondoka. Desturi ya pale ilikuwa kwamba mchezaji akiliona jina lake, anaifua jezi yake kwa mikono yake mwenyewe, anaikunja, anampelekea kocha. Wanapeana mikono, basi. Jumamosi ijayo jezi ileile inavaliwa na mtu mwingine. Leo umemfundisha mtu kudaka, wiki ijayo yuko melini. Kocha hakuwahi kukaa na timu moja mechi tatu mfululizo.

Mwanzoni aliona sawa tu. Alikuwa akisema, "Ndiyo kazi." Tatizo, ndugu zangu, lilianza timu ilipoanza kushinda. Mwaka ule walishinda mechi ya kwanza, ya pili, ya tatu, wakaenda hivyo mpaka ya saba bila kufungwa hata moja! Magazeti yakaanza kuandika. Maafisa waliokuwa wakimpita kocha bila salamu wakaanza kumwita kwa jina na kumuulizia mke wake. Ikabaki mechi moja tu, dhidi ya kambi ya mabaharia, ambao nao walikuwa hawajafungwa. 

Na ushindi ule ulikuwa na mwenyewe. Kulikuwa na kijana mmoja mkimbiaji, mtoto wa mkulima wa mahindi, mpole, hana maneno mengi. Mpe mpira, wamshike watu watatu, na bado anakwenda. Kwenye ndege kazi yake ilikuwa kusoma ramani. Walikuwa sita wa ndege moja, wamefundishwa pamoja tangu siku ya kwanza, wanakula meza moja, wanalala safu moja. Jeshi lilifanya hivyo makusudi, ili huko juu mtu amjue mwenzake hata kwa kukohoa.

Alhamisi, siku mbili kabla ya mechi, karani wa ofisi akamnong'oneza kocha kwamba kesho jina la mkimbiaji litakuwa kwenye karatasi, yeye na wenzake wote watano.

Ungekuwa wewe ungefanyaje? Usinijibu haraka, maana haraka ndiyo iliyomponza kocha. Alikwenda moja kwa moja kwa daktari wa shule, rafiki yake, mpenzi wa mpira kama yeye.

"Nisaidie wiki moja tu," kocha akasema. "Andika kwamba sikio lake linauma. Mwenye sikio bovu hapandi ndege, lakini kukimbia anakimbia."

"Linauma kweli?" daktari akauliza.

"Litauma mpaka Jumapili."

Daktari akacheka, akaandika. Watu wazima wawili, jamani, wanacheka.

Ijumaa wale watano wakaona majina yao ukutani. La mkimbiaji halikuwepo. Akamfuata kocha mbio, na kocha akamwekea mkono begani. "Daktari ameona kitu sikioni mwako," akamwambia. "Si kikubwa. Utawafuata wenzako."

"Lakini kocha, mimi sisikii maumivu yoyote."

"Ndivyo yalivyo magonjwa ya sikio. Huanza kimyakimya."

Kijana akakubali, kwa sababu katika shule nzima hakuna mkubwa aliyemzoea kama kocha. Jumamosi asubuhi wenzake walipanda lori. Kwenye nafasi yake alikaa mgeni, mtu ambaye hawakujua hata anatoka wapi.

Mchana wake timu ikashinda. Kijana alikimbia na mpira mara tatu mpaka mstari wa mwisho. Kikombe kikaja, kocha akabebwa juujuu, na mkuu wa shule mwenyewe akapiga makofi mpaka kofia ikamdondoka. Hapo wengine mngependa tupige vigelegele tufunge. Ngojeni kwanza.

Jumatatu asubuhi kijana alipokaa kunywa chai, alikuta kipande cha pamba kwenye sahani yake. Pamba ya kuziba masikio. Mchana akakuta kingine. Jioni akakuta kingine, na waliokuwa mezani wakainuka wote wakahamia meza nyingine. Maana wanajeshi si wajinga. Walijiuliza, mgonjwa gani huyu, wenzake wakienda vitani anaumwa, mpira ukija anapona? Wakasema ni mwoga, amejisingizia ugonjwa. Na katika shule ile, wapendwa, hapakuwa na jina baya kuliko hilo. Hata mwizi wangemsamehe mapema zaidi.

Maneno yakamfikia mkuu wa shule. Kijana akaitwa ajieleze. Ikithibitika kwamba amejisingizia, atavuliwa sare na kurudishwa kwao kwa aibu, baba yake amwone hivyo, kijiji kizima kimwone. Kocha naye akaitwa, eti aje aeleze tabia ya mchezaji wake.

"Nani alikutuma kwa daktari?" mkuu akamuuliza kijana.

"Sikwenda kwa daktari, Afande. Niliambiwa tu kwamba naumwa."

"Uliambiwa na nani?"

Kijana hakumtazama kocha hata kidogo, alitazama ukuta. Alikuwa ameshajua, jamani. Alijua tangu ile pamba ya kwanza, na bado hakutaka kumtaja mtu aliyemheshimu.

Kocha akaona aibu mpaka masikio yake mwenyewe yakawaka moto. Angeweza kukaa kimya na kikombe chake kikabaki kabatini. Na alikaa kimya, nawaambieni ukweli, muda wa kutosha kusali Baba Yetu yote. Kisha akasimama.

"Afande, ni mimi. Huyu kijana hajui lolote. Sikio lake halijawahi kuuma. Nilimwomba daktari aandike kwa sababu nilitaka kushinda Jumamosi."

Mkuu akamgeukia kocha. "Vijana hawa nilikupa uwatayarishe kuondoka," akasema. "Ni lini walikuwa wako?"

Kocha alinyang'anywa filimbi siku ileile, na daktari naye akapata adhabu yake. Jina la kijana likasafishwa mbele ya shule nzima, gwaride limepangwa. Lakini wale watano walikuwa wameshavuka bahari. Ikabidi apangiwe ndege nyingine, na watu asiowajua hata kwa sura.

Siku ya kuondoka, kocha alimfuata kwenye lori akamwomba msamaha huku machozi yanamtoka mbele za watu. Kijana akampa mkono.

"Nimekusamehe, kocha," akasema. "Ila ujue kwamba mimi nilikuwa tayari kufa na wale watu. Wewe ulinihitaji kwa Jumamosi moja tu."

Lori likaondoka.

Najua kuna mtu hapa anasema moyoni, "Lakini mchungaji, kule si ni vitani? Huyo kocha si alitaka kumwokoa mtoto wa watu?" Mimi sivisifu vita, na wenzake kama walirudi au hawakurudi sitawaambia, kwa sababu siyo hoja. Ila usimpe kocha sifa isiyo yake. Hakumzuia ili aishi. Alimzuia ili acheze. Mechi ikishakwisha angemwachia aende popote, na asingeuliza tena habari zake.

Sasa tuje kwetu. Sisi tumewazuia wangapi kwa maneno matamu? Binti amefaulu, mama anasema mwanangu bado mdogo, chuo kiko mbali, kumbe anawaza nani atakaa gengeni. Fundi cherehani anamwambia mwanafunzi wake "bado hujaiva", huu mwaka wa sita, kwa sababu ndiye anayejua kukata suti na wateja wanamwulizia yeye. Na tunasema ni upendo. Tunawawekea na mkono begani. Mungu anatupa watu wapite mikononi mwetu, watoke wakiwa imara kuliko walivyokuja, na sisi tunakaa nao kama vyombo vya kabatini.

Wala nisiwasingizie ninyi peke yenu. Mwezi uliopita mtaa wetu mpya, kule ng'ambo ya korongo, walituandikia. Wako waumini arobaini, hawana mwalimu wa kwaya, wakifika kwenye wimbo wanatazamana. Wakamwomba Elinami wa kwaya yetu, kwa jina. Tukakaa kikao, wazee wa kanisa na mimi. Tukaitazama kalenda. Mashindano ya kwaya ya dayosisi ni Agosti. Tukawajibu kwamba afya ya Elinami haimruhusu. Wazee, msinikonyeze, nimeshaamua kusema.

Elinami, mwanangu, uko pale kwenye sauti ya pili na ninaona umeinua uso. Wewe huumwi. Mwaka huu hujaumwa hata mafua. Ulihitajiwa, ukafichwa, na saini iliyo chini ya lile jibu ni yangu mimi mchungaji wako. Naomba unisamehe mbele ya watu hawa wote. Barua yao hii hapa, njoo uichukue, uisome mwenyewe. Ukiamua kwenda, Jumapili ijayo tutakusindikiza usharika mzima, kwa miguu, mpaka ng'ambo ya korongo. Na Agosti tutaimba na watakaokuwepo. Tukishika mkia, tutashika mkia. Tusimame tuombe.