Jina Moja kwenye Hati

Bismillahi. Sogeeni, ndugu zangu. Nitasema polepole, maana jambo lenyewe lina damu.

Mtaani kwetu, Bonde la Mianzi, walikuwepo watu watatu. Mzee Hizza, fundi mwashi, alikuwa na kumbukumbu: mpaka aliouona mara moja hakuusahau. Mwanaheri, mjane aliyeuza maandazi, alikuwa na subira ya kungoja mlangoni. Kilua, fundi baiskeli, hakujua kusema uongo hata wa kujiokoa.

Tajiri Sempombe alijenga ukuta wa ghala juu ya mfereji wa mvua. Masika yalipofika maji yalikosa njia, yakaingia majumbani, yakaua watu saba. Wa saba ni binti yangu, Salha. Mungu amrehemu. Tulilalamika manispaa. Afisa ardhi akasema, "Jiwe la mpaka halionekani. Nani atathibitisha?"

Mzee Hizza akachukua jembe, akalifukua jiwe chini ya ukuta ule, mchana kweupe. Walinzi wa Sempombe wakamwangusha, wakamtoboa jicho kwa msumari. "Lililobaki linakutosha kuonea kaburi lako, babu," wakamcheka.

"Namba ya jiwe nimeshaisoma," akajibu, damu ikimchuruzika.

Mwanaheri akaiandika namba ile kwenye barua, akaipeleka ofisini. Karani akamwambia, "Njoo kesho, mama." Akaenda siku kumi na moja, na jibu lilikuwa hilo hilo. Siku ya kumi na mbili walinzi walimvizia getini, wakampiga nondo ya kichwa. Akatambaa hadi mezani. "Gonga muhuri, mwanangu, nikapumzike." Karani akagonga. Siku ya tatu baada ya hapo Mwanaheri akafa, akaacha yatima wawili.

Kwa barua ile yenye muhuri, greda la manispaa likaja kuubomoa ukuta, afisa ardhi akilisimamia. Sempombe akasimama mbele ya ukuta na watu wenye mapanga. "Nyumba ya Kilua nayo imeingia mferejini hatua mbili! Kama ni sheria, anzeni kwake!"

Afisa akageuka. "Kweli, Kilua?"

Mkewe akamvuta shati. "Baba Amina, nyamaza!"

"Kweli," akasema Kilua. Akashika nyundo, akaibomoa nyumba yake mwenyewe, wanawe wakilia. Panga likampata begani. Akabadili mkono, akaendelea. Hapo mtaa mzima ukawavamia wenye mapanga kwa mawe, wakakimbia, na greda likaula ukuta. Masika yaliyofuata hatukuzika mtu.

Sempombe akanyang'anywa kiwanja. Manispaa ikasema apewe aliyeuokoa mtaa, na hati iandikwe jina moja tu. Wazee wakaniachia mimi niamue, kwa kuwa nilifiwa.

Mzee Hizza akaniambia, "Bila namba yangu, barua ingekuwa karatasi ya kufungia maandazi."

Binti mkubwa wa Mwanaheri akamjibu, "Bila muhuri wa mama, namba ingeozea mdomoni mwako, babu."

Mke wa Kilua akasema, "Na bila nyumba yetu, greda lingegeuza. Ninyi mna paa. Sisi tunalala barazani kwa watu."

Nimeswali nikiomba jibu. Kila nikisujudu naziona nyuso zote tatu. Hati ninayo, nafasi ya jina iko tupu, na kesho baada ya swala ya Ijumaa inatakiwa. Je, ndugu zangu, ninyi mngeandika jina la nani?