Watatu Waliompenda Mzee Isuja

Sogeeni, wenye masikio. Kisa chenyewe kifupi, hukumu yake ndiyo ndefu. Mimi hukumu sina, nimekuja kuiomba kwenu.

Huko Kondoa Mzee Isuja alikuwa mgane, na alipendwa na watu watatu. Binti yake Sauda alijaliwa mkono wa kupika. Mwanawe Kidunda alijaliwa uchapakazi. Na Lubuva, mdogo wake Mzee mwenyewe, hakujaliwa chochote ila ulimi wa kuchekesha, na ukicheka na Lubuva unasahau kwamba alikuja kukuomba chumvi.

Mke wa Mzee alipofariki, Sauda alisema, "Baba hatakonda mikononi mwangu." Kila kondoo akichinjwa, mkia, ule ulionona, ulikuwa wa baba. Aliuyeyusha na kuumimina juu ya ugali mpaka ukang'aa. Majirani walimsifu. Mzee alikula.

Kidunda naye alisema, "Baba hatatoka jasho nikiwa hai." Akamnyang'anya jembe, akaajiri vibarua shambani na mchungaji wa ng'ombe. Hata kwenda msikitini, hapo jirani tu, pikipiki ilimngoja mlangoni. Majirani wakamsifu zaidi. Mzee alikaa.

Lubuva hakusema kitu. Kila jioni alikuja barazani na pakiti ya sigara, akawasha mbili, moja akampa kaka yake, kisha akaanza vituko vyake. Majirani hawakumsifu. Lakini ni hapo tu Mzee alipocheka, moshi ukimtoka puani.

Miaka ikaenda hivyo. Asubuhi moja Mzee Isuja alikuwa anafunga kiatu, kifua kikambana kama kimekazwa kamba, mkono wa kushoto ukafa ganzi. Wakamwahisha hospitali. Hakufa, ila kipande cha moyo wake kilikufa. Alilala akitazama feni ya dari. Alimwona Sauda analia, akajua kwamba anapaswa kuhisi kitu. Hakuhisi.

Daktari, mama mmoja mpole, aliwaeleza wote wanne. "Ndani ya mshipa wa damu mna ngozi laini. Moshi wa sigara huichubua. Palipochubuka, mafuta yaliyozidi kwenye damu yanapenya na kukaa ukutani. Askari wa mwili wanayafuata wayale. Wanakula mpaka wanavimbiwa, wanafia humohumo, na mizoga yao inaongeza uvimbe. Mwili unaufunika kwa kovu. Na mtu asipotembea, mafuta hayatumiki, yanazidi kurundikana. Miaka yote hiyo hasikii maumivu. Siku kovu likipasuka, damu inadhani pana kidonda, inaganda ili kukiziba. Inaziba na njia yake yenyewe."

"Sasa kipi kilichomwangusha?" Kidunda aliuliza. "Mafuta, moshi, au kukaa?"

"Ukuta ni mmoja, mwanangu. Vyote vilitia mkono, siwezi kuwatenganishia." Akaongeza, "Aende nyumba moja, kwa mtu mmoja wa kumsimamia chakula, dawa na kutembea. Akirudia aliyoyazoea, moyo huu hautastahimili mara ya pili."

Sauda akapiga magoti kando ya kitanda. "Baba, nilikulisha bila kujua. Nisamehe, unipe nafasi nirekebishe nilichoharibu."

"Dada, wewe una huruma," Kidunda alisema. "Akiuomba mkia utampa. Mimi nikisema hapana ni hapana, na kwangu atatembea." Hakulia. Wala hakukiri kosa, maana kumpumzisha baba hakukuona kuwa kosa.

Lubuva alikuwa ameinamisha kichwa. "Mimi nilijua. Kwenye pakiti wameandika. Lakini Kaka alipofiwa aligeukia ukutani, hali, hasemi, anataka kumfuata mkewe. Ile sigara na upuuzi wangu ndivyo vilivyomgeuza. Mimi nimeshaacha kuvuta. Kwangu atacheka, na mtu asiye na la kumchekesha dawa humezea nani?"

Mzee Isuja aliwasikiliza kama anayesikiliza kesi ya mtu baki. Alijua wote wamesema kweli. Alijua pia kwamba hakuna aliyemlazimisha, mikono iliyopokea ilikuwa yake. Hata hilo halikumuuma.

Muuguzi akaingia akisukuma kiti cha magurudumu. "Mzee wangu, gari liko nje. Tunakupeleka kwa nani?"

Watatu wakainua nyuso. Mzee akamtazama muuguzi kwa macho ya kumwambia: chagua wewe.

Muuguzi hawezi, nami siwezi. Yuko anayelia, ambaye hakujua. Yuko asiyekiri, ambaye neno lake halivunjiki. Na yuko aliyejua akatenda, ambaye bila yeye Mzee angeshazikwa zamani. Mkimpeleka kusiko, tutakutana msibani. Je, wewe ungemkabidhi kwa nani?