Mfungwa Aliyezikiwa Mgomba

Mchungaji ameniganda tangu Alhamisi. "Bibi, Jumapili utupe ule mfano wa mfungwa." Mfano, mfano! Wahubiri wenye vyeti wamejaa tele, mpaka nifuatwe mimi niliyeishia darasa la pili, tena kwa kufukuzwa? Haya. Nitausema. Ila nikishaanza, mtu asitoke nje kwa kisingizio cha mtoto. Mtoto anyonyeshwe hapa hapa, Mungu ameyaona maziwa tangu Hawa.

Zamani za mkoloni palikuwa na fundi mawe mmoja. Si fundi wa kubahatisha. Akiweka tindo juu ya jiwe akagonga, jiwe linapasuka pale pale alipolitaka, kama mkate! Fundi huyu aliingia msitu wa serikali akakata miti miwili apate boriti za nyumba ya mkewe. Akakamatwa. Alikosa? Alikosa. Sitamwosha kwa kuwa mfano ni wake. Akapewa miezi sita, kazi ngumu.

Ninyi watoto wa juzi mnadhani jela ni kukaa kivulini mkinywa uji. Jela za wakati ule zilikuwa ghala la mikono! Serikali ikitaka barabara, leteni wafungwa. Ikitaka daraja, wafungwa. Bustani ya bwana mkubwa imeota magugu, wafungwa. Watu wale walifyatua hata matofali ya ukuta wa kuwafungia wao wenyewe, na tofali likipinda wakachapwa kwa kulipinda! Na wafungwa wakipungua, barabara haijafika mtoni, mnadhani nini kilitokea? Askari walitoka kwenda kutafuta makosa. Wewe, kodi umelipa? Wewe, kipande chako cha kazi kiko wapi? Pombe hii kaipika nani? Jioni jela imejaa, asubuhi nyundo zote zina watu.

Sasa bwana jela wa pale, mkubwa wa askari wote, alikuwa anajijengea nyumba yake mlimani. Nyumba ya mawe, baraza mbele, ngazi saba za kupandia. Alipoona mkono wa fundi yule, akamtoa kwenye kuponda kokoto akampeleka kwake. Askari mmoja, bunduki moja, fundi mmoja. Fundi hakunung'unika. Jiwe ni jiwe, liwe la barabara au la bwana jela. Kila jioni alifunga fundo moja kwenye kamba ya katani, na moyo wake wote ulikuwa kwenye siku ya fundo la mwisho.

Kwa nini? Kwa sababu kwao palikuwa na desturi, na desturi ile haikuwa na masihara. Mtu akisubiriwa nyumbani, miezi sita ikapita tangu siku aliyopaswa kufika, basi amekufa. Hakuna mjadala. Wanakata gogo la mgomba, wanalifunga sanda, wanalizika mahali pake na kulililia kama mtu. Kisha mke ananyolewa na kurithiwa na shemeji, shamba linagawanywa. Ukirudi baada ya hapo, umerudi kwa nani? Mkeo wa mwingine, shamba la wengine, na wewe ni mzimu.

Fundo la mwisho likafungwa. Fundi akasimama mbele ya bwana jela, miguu pamoja.

"Afande, miezi yangu sita imekwisha."

"Nani kakwambia? Unajua kusoma?"

"Sisomi, afande. Nafunga mafundo."

"Mafundo!" Bwana jela akawageukia askari wake. "Mnamsikia? Serikali siku hizi inaendeshwa kwa kamba! Karatasi yako ya kutoka haijafika, we fundi. Ikifika nitakuita. Tena baraza yangu bado haina sakafu."

Uongo! Karatasi ilikuwa mezani pake, kaiwekea kiwiko. Na siku ile ile alifungua kitabu cha jela akaandika kwa wino: huyu ameachiwa, ameondoka. Mmeona mambo hayo? Kwa serikali, fundi yuko njiani kwenda kwao. Mlimani, fundi anachonga ngazi!

Mwezi wa nne tangu siku ile, mama yake akatembea siku tatu kuja kumuulizia. Mwanamke mkavu, hana machozi ya kugawa. Bwana jela akamfungulia kitabu.

"Mwanao alitoka zamani, mama. Kama hajafika, kaulize fisi."

Mama akarudi na jibu hilo. Na saa ile anageuka langoni, mwanawe yuko mlimani amepinda mgongo, anapiga chokaa.

Fundi hakuacha kufunga mafundo. Sasa kila fundo lilimkaba yeye. Ulipokaribia mwezi wa sita wa wizi ule, akapiga magoti.

"Afande, nakuomba. Nyumbani watanizika!"

"Si vizuri? Aliyezikwa hana haraka. Chonga."

Mwezi wa saba nyumba ikaisha. Akafunguliwa lango, akaambiwa "nenda", hata ahsante hakupewa. Alikimbia, ndugu zangu! Njia ya siku tatu aliikata kwa mbili. Alipofika akaona kaburi jipya kando ya zizi. Mkewe, kichwa kimenyolewa, akamwona, akaangusha mtungi, akatimua mbio. Watoto wakapiga yowe: mzimu! Nduguye alikwishapeleka pombe ya urithi, zimebaki siku tisa achukue mke. Aliyebaki amesimama uani ni mama peke yake. Akamtazama tangu nyayo hadi utosi.

"Wewe ni nani?"

"Mama, ni mimi."

"Kama ni wewe, ulikuwa wapi?"

"Jela, mama. Nilikuwa namjengea bwana jela nyumba."

Hakumkumbatia. Hakulia. Akachukua fimbo yake ukutani. "Geuka. Tunarudi huko huko."

Basi wakasimama mbele ya hakimu. Bwana jela naye akaja, vifungo vinang'aa, kitabu kwapani.

"Mheshimiwa, kitabu hiki hapa. Mfungwa wangu alitoka miezi saba iliyopita. Mtu huyu mimi simjui. Tapeli tu."

Fundi akafungua mdomo. Mama akamkanyaga mguu.

"Mheshimiwa," akasema mama, "bwana jela anasema kweli. Hata mimi mtu huyu simjui."

"Mama!"

"Kimya. Mzimu hausemi barazani." Akamrudia hakimu. "Mwanangu nimemzika, kijiji kizima ni mashahidi. Wa mwisho kuwa naye ni bwana huyu, na bunduki zilikuwa zake. Anasema alimfungulia lango. Nyumbani hakufika. Mimi, mheshimiwa, sikuja kushtaki kifungo. Nimekuja kushtaki mauaji."

Loo! Baraza likawa baridi. Mauaji wakati ule yalikuwa kitanzi, si faini. Fundi aliona mama yake mzazi amemkana mbele za watu, na kama hakimu akikubali, amekufa kweli kweli kwa muhuri wa serikali. Hakimu akavua miwani.

"Bwana jela, maneno haya ni mazito. Kama huyu siye, yule yuko wapi? Nitajie mtu mmoja tu aliyemwona hai baada ya siku uliyoiandika kitabuni."

Bwana jela akapekua kitabu. Kitabu kilisema vile vile alivyokiandika. Akashika shingo yake, hivi, kama anaipima. Kisha akapasuka.

"Mheshimiwa, sijaua mtu! Si huyu hapa anapumua? Ndiye huyu! Mimi mwenyewe nimemwona! Jumatano ya wiki iliyopita alikuwa kwangu anamalizia ngazi ya mwisho, mke wangu akampa ugali, kamuulizeni!"

Nani alimkamata? Mama? Hakimu? Mdomo wake! Alikimbia kitanzi akaangukia kwenye ukweli. Mama akamgeukia fundi, na kwa mara ya kwanza akamshika mkono. "Haya, mwanangu. Sasa umefufuka."

Mnacheka. Chekeni, nami nawasubiri.

Mmemaliza? Sasa niambieni, bwana jela alimshikilia fundi kwa sababu ya ile miti miwili? Miti ilikwishalipwa! Alimshikilia kwa sababu alikuwa na faida. Na sisi je? Yuko mama mkwe humu ndani, simtaji, anajijua kwa jinsi anavyovuta khanga yake. Mke wa mwanawe alikosa, mwaka ule wa mvua nyingi. Akaomba radhi mbele ya wazee. Akaleta mbuzi, na mbuzi tukamla, hata mimi nilipata ubavu. Mbona mpaka leo ndiye anayechota maji ya nyumba tatu? Ukimwambia "msamehe", unajibiwa "bado naumia". Huumii wewe! Ukimsamehe, nani atachota?

Yuko mume, mkewe alimkosea mara moja, na kwa kosa hilo moja hajamjibu swali miaka kumi. Wako wazee wa kanisa, kijana alikula sadaka, akatubu, akatengwa, akarudi, na kila kwenye kufagia na kubeba viti anaitwa yeye, kwenye kuomba haitwi. Sisi hatusahau makosa ya watu kwa sababu makosa yao yanatufanyia kazi! Tunasema kwa Mungu kwamba tumewaachia, tumeandika kwa wino, nao bado wako mlimani wanatuchongea ngazi. Na huko tulikowanyima kurudi, watu wanawazika. Nendeni mkafungue leo, kabla hamjaulizwa aliko mtu wenu.

Naona mmoja pale ameinua kidole. Najua swali lako. Bwana jela alilipa nini?

Nyumba alinyang'anywa, vifungo vikakatwa. Ng'ombe dume mmoja mweusi kwa ukoo wa fundi. Kisha akapelekwa kwa miguu, siku tatu, mpaka kwenye lile kaburi, maana desturi ilitaka alichimbue aliyelisababisha. Alilichimba kwa mikono. Gogo la mgomba lilikuwa limeoza, linanuka, akalibeba begani mpaka mtoni, wanawake wanapiga vigelegele nyuma yake, mke wa fundi mbele yao na nywele zake fupi. Akaambiwa aseme kwa sauti, "Nilizika mtu aliye hai." Mara ya kwanza hakusikika. Akarudia. Mama akasema bado, akarudia tena.

Halafu akarudishwa jela, akapewa nyundo na kokoto. Miezi saba. Hawakumpunguzia hata siku moja, wala hawakumwongezea.