Pimbi, Tembo na Maziwa ya Mnyaa

Hapo zamani za kale, na anayebisha anyooshe mkono nimwone, Pimbi alimpofua Tembo macho yote mawili. Pimbi! Yule mnyama wa mawe, mfupi kama kiatu cha babu yenu. Hakumpiga, hakumuuma. Alitumia mti tu.

Mnacheka? Haya, chekeni. Mimi shule niliiacha darasa la nne kwa sababu mwalimu alikuwa ananiuliza mambo ninayoyajua tayari. Kaeni, nyinyi wenye madaftari, mfundishwe.

Nchi yao ilikuwa kavu, kavu, kavu. Mvua ilinyesha siku moja, ikapotea miaka miwili. Ikabaki mimea mibahili tu: mpungate, wenye mapande manene kama chapati na miiba juu yake, mshubiri, mchungu hata mbuzi anaukimbia, na mnyaa, mti wa kijani usio na majani, vijiti vitupu. Yote ilikunywa siku ile ya mvua, ikaficha tumboni. Lakini tumbo na tumbo si sawa. Tumbo la mpungate lina maji. La mnyaa lina maziwa meupe, na maziwa yale yakikuingia jichoni, kwaheri jua.

Pimbi aliyajua hayo. Mama yake alimfundisha kuviringisha pande la mpungate mchangani, fyu fyu fyu, miiba ikatoka, akalimenya, wakala wote wawili. Miezi sita waliishi hivyo huko mwambani. Kisha mpungate ukaisha, likabaki pande moja. Mama akalala mkekani, ulimi umekauka kama ngozi ya ngoma.

"Mwanangu, maji," akasema. "Hata ya tope."

Maji yalikuwa sehemu moja tu: kisima cha Tembo, katikati ya mto uliokauka. Tembo alikichimba mwenyewe kwa miguu na mkonga, na kila alfajiri alikifukua upya, maana mchanga haukubali kukaa pembeni. Sheria yake ilikuwa moja: wakubwa kwanza.

"Shikamoo, mjomba," Pimbi akasema, kibuyu mkononi.

"Marahaba. Umekuja tena?"

"Mama yuko hoi, mjomba. Kibuyu kimoja tu."

"Zamu yako ya mwisho, baada ya Digidigi."

"Zamu ya mwisho linabaki tope!"

"Basi mpe tope. Nilipokuwa nachimba, wewe ulikuwa wapi? Si ulikuwa mwambani unaota jua?"

Mfyuuu! Tembo akavuta mkonga mzima wa maji, akajimwagia mgongoni.

Mgongoni! Mbele ya mtoto ambaye mama yake anakufa kwa kiu. Pimbi akageuka bila kuaga.

Usiku kucha alilitazama lile pande la mwisho. Lilikuwa la mama. Lakini akajiambia: pande moja ni siku moja, kisima ni uhai. Kulipokucha akalimenya, akalipeleka mtoni linachuruzika.

"Mjomba, hebu onja."

Tembo akalitupia kinywani. Mchap!

"Ala! Mbona tamu? Mbona lina maji? Umelitoa wapi?"

"Siri ya ukoo."

"Na mimi si ukoo? Unayemwita mjomba ni nani?"

"Haya, kwa kuwa ni wewe. Ule mti wa kijani kule bondeni, usio na majani, unauona? Tunda lake ndilo hilo."

"Ule? Hauna hata mwiba!"

"Ndiyo uzuri wake. Ila maji yake yana haraka, ukizubaa yanakimbilia ardhini. Vunja tawi nene, sogeza uso, fumbua macho uone yanakotokea, kisha kinga!"

Tembo huyoo! Du du du du! Akalishika tawi nene kuliko yote. Kra! Pwaaa!

Nyika nzima ilisikia. "Uwiii! Macho yangu! Naungua! Mpwa wangu, uko wapi? Niletee maji!"

Uko wapi? Pimbi alikuwa kisimani, anacheka mpaka anashika mbavu. Akajaza kibuyu, akampelekea mama, mama akanywa, akapona. Mdogo mwenye akili kamlaza chini mkubwa mwenye nguvu. Hadithi imekwisha. Nendeni kwenu.

Mbona hamwendi?

Wewe Siwema, unanitazamia nini hivyo? "Tembo je?" Tembo je nini? Nimeshasema mama alipona!

Haya. Haya, nimeruka kipande.

Kibuyu hakikujaa siku ile. Pimbi alipofika kisimani alikunywa kwanza yeye, tumbo likawa kama ngoma. Alipoinamisha kibuyu, ukingo ukaporomoka. Pwa! Mchanga mtupu. Akachimba kwa vile vidole vyake, chaku chaku chaku, mpaka kucha zikatoka damu. Akifukua konzi moja, zinaingia tatu. Asubuhi ya pili ilimkuta palepale, analia.

Ndipo akasikia du... du... du. Polepole. Tembo. Macho yamevimba, yamefumba. Mkonga umebabuka, hausikii tena harufu. Njia aliipapasa kwa nyayo.

"Nani analia hapo?"

Pimbi akaibana sauti. "Ni mimi... Digidigi."

"Nyamaza, Digidigi. Kisima kimefunga, eh? Kaa pembeni nisije nikakukanyaga."

Akachimba. Kipofu yule alichimba mpaka jua likawa la utosi, kila mara akisimama kuuliza, "Bado hujayaona?" Maji yalipotokeza, akarudi nyuma.

"Kunywa wewe kwanza. Halafu jaza kibuyu, umpelekee mama yake Pimbi kule mwambani. Mwanawe kanitenda. Lakini yule mama hakunikosea kitu, mimi ndiye niliyemnyima."

Pimbi akajaza, akapanda mlima.

Mama akanywa, akafumbua macho. "Nani kachimba?"

"Mjomba."

"Ulimwambia asante?"

Pimbi akageukia kibuyu, akaanza kukifunga.

"Mwanangu. Ulimwambia asante?"

Alfajiri Pimbi akashuka mbio, anajikwaa kwenye mawe. Tembo alikuwa amelala ubavu kando ya kisima, mchanga umeanza kumfunika miguu. Pimbi akampanda begani, akafika sikioni, sikio kubwa kuliko mlango wa nyumba yao.

"Mjomba, asante. Mimi si Digidigi. Ni mimi, Pimbi. Ni mimi niliyekuonyesha mnyaa."

Sikio halikutikisika. Akarudia, kwa sauti zaidi. Akalivuta kwa mikono miwili, akarudia tena.

Asante isemwe sikio lingali linasikia. Hicho ndicho kipande nilichoruka.