Pimbi na Picha ya Mtoni

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa na nini?

Na simu kila pango!

Haya, sogeeni. Nimechoka leo, na hadithi yenyewe inachosha.

Palikuwa na Pimbi, binti mdogo, mpishi jikoni kwa Mzee Simba. Na palikuwa na Fisi, na tumbo lake. Siku moja Pimbi alikwenda kuoga mtoni, upande wa wanawake, ambako mwanamume hakanyagi. Akavua kanga. Kwenye matete, kacha! Fisi akampiga picha kwa simu yake.

Tangu hapo, kila jioni, Fisi yuko nyuma ya jiko.

"Pimbi! Nyama, ama niirushe picha?"

"Chukua."

Kwacha, kwacha, kwacha! Akala, akaenda zake. Kesho yake huyo tena.

"Nyama, ama niirushe?"

"Chukua."

Lilikuwa fungu lake mwenyewe Pimbi. Akakonda. Akalia mpaka akachoka kulia. Picha ile ikionekana, baba yake atamfukuza pangoni, na wadogo zake hawataposwa na mtu.

Akaenda kwa Mzee Simba.

"Shikamoo, mzee. Fisi amenipiga picha mtoni."

"Marahaba. Kwa nini ulivua kanga?"

"Nilikuwa naoga, mzee."

"Hata hivyo," akasema Simba. Na wazee wote wakatikisa vichwa: hata hivyo, hata hivyo.

Pimbi akarudi jikoni kwake.

Siku ya harusi kwa Simba, wanawake wa pori zima walikuwa jikoni wakitwanga, tu! tu! tu! Fisi akaja nyuma ya ukuta.

"Nyama, ama niirushe?"

"Leo sijui nimpe nani," akasema Pimbi. "Ngiri anadai picha ni yake. Ati wewe ulimwomba tu."

"Ngiri? Mwongo mkubwa! Ni mimi!"

"Sema kwa nguvu, bwana. Michi ina kelele."

"Mimi!" akapaza Fisi. "Mimi ndiye ninayelala kwenye matete mtoni kwa wanawake! Nimewaona wote, hata Mama Simba!"

Michi ikanyamaza.

Wanawake wakatoka nayo. Pu! Pu! Pu! Ndiyo maana Fisi anachechemea hadi leo. Mama Simba akaitwaa simu, akaitia kinuni, akaitwanga ikawa unga.

Mzee Simba akaja mbio. "Mke wangu naye?" Alinguruma miti ikatikisika. Kumbe hasira alikuwa nayo siku zote, ila haikuwa ya Pimbi.

Kisha wazee wakaanza kunung'unika. "Simu mmeitwanga ya nini? Tungeitazama kwanza, kwa ushahidi."

Pimbi alikaa chini, akala fungu lake lote, polepole.

Hadithi yangu imefika mlangoni. Ikiwa tamu, gawaneni. Ikiwa chungu, niachieni mwenyewe. Na funzo? Wazee walikaa kikao kizima wakalitoa: mwanamke mwenye heshima aoge na kanga yake mwilini, tena asilowe.